Jibu: Jerry Rice hakuwa na mbio kali, aliwaachaje mabeki?

Mkuu, umeuliza Jerry Rice, mdakaji (mchezaji anayekimbia kupokea mpira unaorushwa) wa futiboli ya Kimarekani, aliwaachaje mabeki wakati hakuwa na mbio za kutisha. Jibu liko miguuni, ila si kwenye kasi. Mdakaji hukimbia njia iliyopangwa, tuseme yadi 12 mbele kisha akate ndani, yaani ageuke ghafla kuelekea katikati ya uwanja. Wengi hujisaliti: hupunguza mwendo au huinua kifua kabla ya kukata, na beki anawasoma mapema. Rice alianza kila njia kwa mwendo uleule, kifua kimeinama vilevile, akakata ghafla. Beki anapogeuza nyonga, mpira umeshafika.

Mikono nayo ilitaka kazi. Mwaka 1985, msimu wake wa kwanza na timu ya San Francisco 49ers, aliangusha mipira mpaka akazomewa. Kosa la kawaida hapo ni kutafuta pa kukimbilia kabla mpira haujatulia vidoleni. Ila mwaka 1987 alidaka tachidauni 22 (mipira ya kufunga, inayodakwa eneo la mwisho la wapinzani) katika mechi 12 tu!

Kano za goti zilichanika 1997. Akarudi Desemba ileile, mapema mno kwa maoni yangu, na kifupa cha mbele ya goti kikavunjika. Hata hivyo alicheza hadi msimu wa 2004: kwa jumla alidaka mipira 1,549, yadi 22,895.