Umeiona Mwenyewe, au Umeambiwa?

Kila kijana anaponiuliza aanzeje uandishi wa habari za kimataifa, humwambia achukue daftari na kulipiga mstari katikati. Kushoto aandike aliyoyaona, kulia aliyoambiwa. Nimekuwa mwakilishi wa gazeti nje ya nchi, kisha mhariri, na sijapata chombo kilichonifaa kuliko mstari huo.

Niliujua kwa aibu. Katika safari yangu ya kwanza, kijiji kilishambuliwa usiku. Idadi ya waliokufa niliichukua kwa wenzangu hotelini: watu arobaini. Gazeti likiwa karibu kwenda mtamboni, mhariri wa zamu akanipigia simu. "Umewahesabu wewe, au wamekuhesabia wengine?" Nikababaika. Akaiondoa namba ile, na mimi nikamnunia usiku kucha. Asubuhi nilipofika kijijini, udongo ukiwa bado mbichi, niliyahesabu makaburi mara mbili nikiwa na mzee wa pale. Yalikuwa tisa. Tangu siku hiyo sijamnunia mhariri anayeuliza.

Mfano ninaoupenda ni wa Clare Hollingworth, mwandishi wa habari Mwingereza. Agosti 1939 alikuwa hajatimiza hata wiki moja katika kazi yake ya gazeti la Daily Telegraph la Uingereza. Akaazima gari la balozi mdogo wa Uingereza pale Katowice, mji wa Poland ulio karibu na mpaka, akavuka mpaka kuingia Ujerumani. Akiwa njiani kurudi, upepo ukainua mapazia yaliyotundikwa kando ya barabara, na bondeni akaona vifaru vya Ujerumani vimejipanga. Siku chache baadaye, Septemba 1, Ujerumani ikaivamia Poland. Hakuwa na uzoefu wa miaka. Alikwenda, akatazama.

Upande wa pili yupo Walter Duranty wa gazeti la New York Times la Marekani, aliyekaa miaka mingi Moscow, mji mkuu wa Umoja wa Kisovieti uliotawala Ukraine wakati huo, na kupewa Pulitzer, tuzo kubwa ya Marekani ya uandishi wa habari, mwaka 1932. Mwaka uliofuata Gareth Jones, mwandishi wa habari kutoka Wales, alitembea kwa miguu katika vijiji vya Ukraine na kuandika kwamba watu wanakufa njaa. Duranty akampinga gazetini. Jones ndiye aliyesema kweli. Hadithi hii huniuma, kwa sababu mazoea na wakubwa, kama aliyokuwa nayo Duranty pale Moscow, huingia polepole: leo mwaliko, kesho mahojiano ambayo wengine wamenyimwa, na kesho kutwa unaogopa kuandika neno litakalofunga mlango. Ukiona viongozi wa nchi uliyotumwa wanakusifu sana, rudi vijijini.

Halafu kuna mkalimani. Yeye ndiye anayejua njia ipi ipitwe na nani asiulizwe swali gani mbele za watu. Wewe utapanda ndege. Yeye atabaki na majirani waliomwona nawe. Kabla ya kutuma habari, msomee sehemu zinazoweza kumtambulisha, na akisema "ondoa", ondoa. Mlipe vizuri, tena kwa wakati.

Nilipokalia kiti cha uhariri niligundua kwamba kazi kubwa haiko kwenye vichwa vya habari. Iko kwenye simu ya usiku, kwa mtu aliyechoka, mwenye hofu, pengine hajala. Nilianza kumuuliza kwanza kama yuko salama na analala wapi. Baada ya hapo nikamwambia afungue daftari, anisomee upande wa kushoto.