Kioo cha simu kimepasuka: nitatoaje picha zilizomo?

SWALI: Ndugu Mhariri, mimi ni katibu wa chama cha msingi cha wakulima wa chai wilayani Rungwe. Kioo cha simu yangu ya Android kimepasuka. Maandishi yanasomeka, lakini hakisikii tena kidole, na humo ndani mna picha za stakabadhi za mizani za msimu mzima. Je, kompyuta ya ofisi, ambayo inatumia mfumo wa uendeshaji wa Ubuntu, inaweza kunisaidia? Msomaji, Tukuyu.

JIBU: Ndugu msomaji, inaweza, tena kwa programu huria zisizolipiwa. Madhali kioo bado kinaonyesha, usikubali simu ifutwe kabla ya kujaribu njia hii.

Tafuta kwanza waya unaopitisha data, kwa maana nyaya nyingi za bei nafuu hupitisha chaji peke yake. Uchomeke simu kwenye kompyuta kwa waya huo. Fungua terminali, yaani dirisha la kuandikia amri, uandike `sudo apt install adb scrcpy` ili kusakinisha programu mbili za kuiendesha simu kutoka kwenye kompyuta, kisha `scrcpy --otg`. Amri hii ya pili huifanya simu iione kipanya na kibodi ya kompyuta kana kwamba vimechomekwa kwenye simu yenyewe, na haihitaji ruhusa yoyote iliyowekwa kabla. Macho yako yawe kwenye simu, kwa kuwa picha yake haitatokea kwenye kompyuta. Iwapo amri itakataliwa, huenda toleo la scrcpy ulilopata ni la zamani, hivyo pakua jipya kutoka ukurasa wa scrcpy ulioko kwenye tovuti ya GitHub.

Ukishaifungua simu kwa namba yako ya siri, ingia kwenye mipangilio, sehemu ya Kuhusu simu, ubofye nambari ya muundo mara 7. Chaguo za wasanidi programu zitajitokeza. Humo washa utatuzi wa USB (USB debugging), unaoiruhusu kompyuta kuiamuru simu kwa waya. Funga scrcpy, andika `adb devices`, na simu itakapouliza kama unaiamini kompyuta hiyo, irudie ile amri ya `--otg` ili ubofye kukubali.

Sasa andika `adb pull -a /sdcard/DCIM`, amri inayonakili picha za kamera ya simu kwenda kwenye kompyuta. Usiiache ile `-a`, kwani ndiyo inayohifadhi tarehe ya kila faili, na stakabadhi isiyojulikana ni ya siku gani itakuletea mabishano na mkulima. Picha ulizotumiwa kwa WhatsApp hukaa kwingine, kwa kawaida ndani ya `/sdcard/Android/media/com.whatsapp`.

Ukimaliza, zima utatuzi wa USB. Nakusihi pia usiifanye kazi hii kwenye kompyuta ya steshenari, kwa sababu kompyuta iliyoaminiwa inaweza kusoma mafaili yako na hata kusakinisha programu kila simu inapochomekwa utatuzi huo ukiwa umewashwa.