Maneno Mafupi Yenye Sauti Moja: Kwa Wanaoanza Kutafsiri Kiingereza cha Mazungumzo

Anayeanza kutafsiri rekodi za mazungumzo ya Kiingereza kwa kawaida hujiandaa kwa maneno magumu, ilhali yatakayomsumbua zaidi ni yale mafupi aliyoyajua tangu mwaka wa kwanza wa masomo. Neno gumu hukusimamisha, nawe ukafungua kamusi. Neno fupi hupita kama mtu unayemfahamu, na ikiwa limebeba maana ya mitaani, au si neno ulilodhani bali jingine linalotamkwa sawasawa nalo, tafsiri huharibika bila wewe kushtuka.

Tazama "bear" na "bare", ambayo hutamkwa kwa sauti moja. Kamusi ya kawaida inasema la kwanza ni dubu, au kitenzi cha kubeba na kustahimili, na la pili ni kivumishi chenye maana ya tupu, kisichofunikwa. Sasa msikilize kijana wa London akisema "there was bare people outside". Hapo hakuna dubu, wala watu hao hawakuwa uchi. Katika misimu ya vijana wa jiji hilo "bare" ni "tele", kwa hiyo anasema nje kulikuwa na watu kibao. Dalili imo ndani ya sentensi yenyewe. Katika Kiingereza sanifu "bare" huambatana zaidi na viungo vya mwili, kuta au ardhi, na mtu aliye uchi huitwa "naked". Ukiona neno limeambatana na jirani lisilomzoea, simama hapo. Kijana huyohuyo akisema jambo fulani ni "peak", halisifu: kamusi itakupa kilele, lakini yeye anamaanisha balaa, jambo la kusikitisha. Na usilichanganye na "peek", kuchungulia, wala "pique", kuudhi, ingawa sauti ni ileile.

Fedha nazo zina mtego wake. "Dough" ni unga uliokandwa, na mitaani ni pesa, lakini hutamkwa sawa na "doe", paa jike. "Buck" ni paa dume, na Marekani ni dola. Asiye makini anaweza kuandika habari za wanyama mahali ambapo watu wanadaiana. Pauni ya Uingereza huitwa "quid", na haichukui alama ya wingi: husemwa "five quid", kama ambavyo elfu tano husemwa "five grand".

Kuna pia maneno yaliyogeuzwa kuwa kinyume chake. "Sick" ni mgonjwa, lakini bao au wimbo ukiitwa hivyo, umesifiwa sana. Neno hilo hutamkwa sawa na "sic", ambalo wahariri huliweka ndani ya nukuu, baada ya neno lililokosewa, kuonyesha kwamba kosa lilikuwamo katika maandishi ya awali.

Sisi tunaozungumza Kiswahili tuna tatizo la ziada, nalo naliona kuwa kubwa kuliko yote. Lugha yetu ina irabu 5 tu, na Kiingereza kina nyingi zaidi, hivyo irabu ambazo mzawa wa lugha hiyo huzitenganisha bila taabu hutufikia sikioni kama moja. "Ship" na "sheep" zote huwa "i"; "hat", "hut" na "heart" zote huwa "a". Uzito wake ni kwamba majirani wa maneno ya heshima mara nyingine ni matusi: "sheet", yaani shuka, na "beach", yaani ufuo, yakitamkwa kwa irabu fupi huwa matusi kamili. Anayetafsiri mahojiano au ushahidi airudie sehemu hiyo ya rekodi, aisikilize irabu yenyewe, kisha ajiulize kama sentensi inasimama kwa neno alilolichagua.

Jua pia msemaji anatoka wapi. "Pants" kwa Mmarekani ni suruali, kwa Mwingereza ni chupi, na katika misimu ya Uingereza ni kitu kibovu. "Pissed" peke yake Uingereza ni mlevi, Marekani ni mwenye hasira, na kote si neno la kikao rasmi. Misimu ya vina ya London hujengwa juu ya sauti hasa: "loaf of bread" iliwekwa badala ya "head" kwa kuwa inafanana nayo kwa kina, kisha ikakatwa, ndiyo maana "use your loaf" ni kuambiwa utumie kichwa.

Kamusi nzuri huweka alama ya matumizi kabla ya maana: "informal", "slang", "vulgar", "dated", "British", "US". Wanafunzi wengi huiruka. Wewe isome kwanza. Na unapohifadhi neno jipya, hifadhi sentensi nzima, nchi ya msemaji na umri wake kwa makadirio, kwa sababu misimu huzeeka upesi. Ukishaipata maana, kazi iliyobaki ni kuchagua kiwango cha Kiswahili. Aliyesema "dough" hakusema "fedha" kwa lugha ya benki. "Mkwanja" au "mshiko" humfaa zaidi, mradi msomaji wako anayatumia maneno hayo.