Dokumentari ya chakula cha Uchagani: kaa na mpishi kwanza, kamera baadae

Mkuu umeuliza ukitaka kupiga dokumentari ya vyakula vya kwenu huku Moshi na una kamera moja tu, bila kampuni, uanzie wapi. Ndo kazi yangu hii mwaka wa sita sasa, kushuti, sauti na kuediti vyote mwenyewe, kwa hiyo nikwambie lililonigharimu mimi.

Ya kwanza nilienda Kibosho kwa bibi mmoja anayepika mbege, ile pombe ya ndizi na ulezi. Nilifika asubuhi nikijua jioni nimemaliza, nikamwomba aniigizie hatua zote siku ile ile, akakubali kwa heshima tu. Nilipokuja kuediti nikaona mikono inazunguka zunguka haina kazi, chungu hakina mvuke, nikaitupa yote.

Mwezi uliofuata nikarudi kumwomba radhi nikakaa kama siku kumi, na siku za mwanzo sikutoa hata kamera. Ndizi mbivu zinachemshwa, zinaachwa siku kadhaa zichachuke, huku ulezi umeloweshwa umeota unaanikwa na kusagwa, unapikwa uji, uji ukipoa ndo unachanganywa na yale maji ya ndizi yaliyochujwa, na kuna magome ya msesewa ya kutia uchungu. Siku ya kuchanganya bibi aliteka kidogo kwa kata, akaonja, akanyamaza akiangalia migomba, akaongeza uji wa ulezi kidogo, akaonja tena. Hicho kipande hakifiki dakika ila ndo kimebeba filamu nzima, na huwezi kumwambia mtu akifanye.

Halafu usiishie jikoni. Alfajiri moja alibeba jembe nikamfuata, kumbe ni zamu yake ya maji ya mfongo. Ile mifereji mababu waliichimba kabla Mjerumani hajafika, inatoa maji mitoni huko juu mpaka kwenye vihamba, yale mashamba ya familia yanayozunguka nyumba. Na kihamba chenyewe ukikipiga vizuri kinajieleza, miti mirefu juu, migomba, kahawa chini yake, ng'ombe zizini anakula migomba na samadi inarudi shambani. Kihamba cha Shimbwe Juu FAO, shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa, walikiingiza kwenye urithi wa kilimo wa dunia mwaka 2011, ila wengi hapa mjini hawajui kabisa na inaniuma.

Nakuomba pia usiandike tu "chakula cha Wachagga" ukaachia hapo. Mtu wa Rombo na wa Machame hata lugha wanapishana, sembuse jiko. Taja kijiji, mwache mama aongee Kichagga chake, wewe weka maandishi ya Kiswahili chini.

Vibali usivipuuze, Bodi ya Filamu, serikali ya kijiji, na ukipanda msituni ujue ni hifadhi ya taifa, hiyo ina kibali chake.

Hela ikiwa ndogo nunua maiki kabla ya lenzi. Picha yenye giza mtu atavumilia, ila sauti ya bibi ikimezwa na upepo umeipoteza. Kama bado huna na uko huku Moshi nistue, ya kwangu nitakuazima.