Kwa dada aliyeuliza kama mdogo wake wa mwaka wa pili aache chuo au akomae

Pole sana dada. Nimekusoma vizuri: mdogo wako haingii vipindi tangu katikati ya semista, mchana kutwa amelala, usiku yuko macho, simu hapokei. Mzee anasema ni uvivu, mama anataka arudishwe nyumbani aombewe. Wewe unauliza aache chuo apumzike au akomae hadi UE, mitihani ya mwisho wa semista. Mimi nasema asiache kimyakimya, na asikomae. Amwone daktari wiki hii, na karatasi ya daktari ifike chuoni kabla mtihani wa kwanza haujafanyika.

Nimepita hapohapo. Kwangu ilianza na wasiwasi. Nikikaribia mlango wa ukumbi moyo unadunda hadi nausikia masikioni, viganja vinalowa, nageuka narudi hosteli. Ukikosa kipindi kimoja, kinachofuata kinakuwa kigumu zaidi, maana hujui wenzako wamefika wapi. Baadaye wasiwasi ule ulipoa, na hapo ndipo hali ilipokuwa mbaya, kwa sababu sikujali tena chochote. Nililoweka nguo kwenye ndoo mpaka maji yakaanza kunuka. Nipo kitandani, naitazama ndoo ile hatua chache tu kutoka nilipo, na siwezi kunyanyuka. Hiyo ndiyo sonona, dada. Mvivu hufurahia kulala. Mimi hata usingizi wenyewe sikuupata, na chakula nilichokipenda hakikuwa na ladha yoyote mdomoni.

Aliyenivuta ni mwenzangu wa chumbani. Hakunihubiria. Alikaa pembeni ya kitanda akaniuliza, "Kaka, unafikiria kujiua?" Nililia sana, kisha nikaongea. Na wewe muulize mdogo wako hivyohivyo, bila kuzunguka. Wengi wanaogopa kwamba kuuliza ni kumtia mtu wazo. Sivyo, unampa upenyo wa kusema alichokuwa anakificha. Akikubali, asiachwe peke yake, dawa na sumu ya panya zitoke chumbani, na apelekwe hospitali saa hiyohiyo hata kama ni usiku wa manane.

Umeandika kwamba yuko Dodoma na mama hataki kusikia neno Mirembe, hospitali ya magonjwa ya akili ya hapo. Mwambie mama kwamba hata Mirembe wapo wanaotibiwa na kurudi nyumbani siku hiyohiyo, na kumwona daktari si kulazwa. Tena si lazima aanzie huko. Anaweza kuanzia zahanati ya chuo kwa bima yake, akihitaji zaidi wampe rufaa. Maombi nayo yaendelee, hakuna anayemzuia mama, mradi dawa zisikatishwe.

Mimi daktari alinipima damu kwanza, kwa sababu upungufu wa damu nao huleta uchovu wa namna ile. Kisha akaniuliza maswali tisa kuhusu wiki mbili zilizopita: usingizi, hamu ya kula, kujiona huna thamani, mawazo ya kufa. Kila jibu lina alama 0 hadi 3, jumla 27, na ukifika 10 unahitaji kuangaliwa kwa karibu. Nikaandikiwa fluoxetine, kidonge cha asubuhi, pamoja na kuonana na mshauri nasaha. Mwanzoni sikuona nafuu yoyote, nilipata kichefuchefu tu, na hapo ndipo wengi wanapozitupa. Dawa hizi huchukua wiki kadhaa kabla hujaanza kuona tofauti. Kwa walio chini ya miaka 25 siku za mwanzo zinataka mtu wa karibu, maana wengine mawazo mabaya huweza kuongezeka kabla ya kupungua. Akija kupata nafuu pia asiache mwenyewe. Kwa kawaida huendelea nazo miezi 6 au zaidi, na kuziacha ni hatua kwa hatua chini ya daktari.

Sasa upande wa chuo, ambao ndio unaoumiza vijana wengi bila sababu. Asiyetokea kwenye mtihani bila taarifa anahesabika mtoro, na hapo kudisco, yaani kuondolewa chuoni, hakuko mbali. Aliye na ripoti ya daktari anaweza kuomba kuahirisha mitihani au mwaka mzima na akarudi akiwa mzima. Aandike barua, ipitie idarani na kwa mshauri wa wanafunzi, na nakala yenye muhuri abaki nayo yeye. Kama ana mkopo, bodi ya mikopo nayo ijulishwe, maana malipo husimama anapokuwa nje na lazima yafunguliwe atakaporejea. Mimi niliahirisha. Nilimaliza nyuma ya wenzangu, na cheti changu hakisemi lolote kuhusu hilo.

Kingine, muulize taratibu kuhusu bumu, pesa ya kujikimu inayotoka kwenye mkopo. Shilingi 10,000 kwa siku ya chakula na malazi, na vijana wengi humo humo wanatuma nyumbani, wanalipia wadogo zao ada, halafu wanashinda na mlo mmoja. Kama mzee anamtegemea kwa hilo, wewe kama dada mkubwa ongea na mzee, umwondolee mdogo wako mzigo huo kabla hajarudi darasani.

Barua ya kuahirisha ikikusumbua nitumie ujumbe wa faragha. Ya kwangu bado ninayo, nitafuta majina nikupe uone ilivyoandikwa.