Ploti ya umbo la L: fundi wa fensi ananiibia?

Swali: Nimenunua ploti huku Ruai, imekaa kama herufi L. Kwa mchoro upande wa chini ni mita 30, kushoto 20, juu 18, kulia 12. Nimejumlisha nikapata 80 lakini fundi anasema mzingo ni mita 100. Ananiongezea seng'enge?

Jibu: Dada, usimfukuze huyo fundi, hesabu yake iko sawa. Wewe umejumlisha pande nne na L ina pande sita, hesabu tu kona utaona ni sita. Zile mbili za pale ndani ploti ilipokatwa hazijaandikwa namba kwa mchoro ndio maana umeziruka, naona hii kitu karibu kila wiki kwa kazi yangu ya kupima ploti. Na namba zake unazo tayari: 30 toa 18 ni 12, 20 toa 12 ni 8. Sasa weka kidole kona ya chini kushoto uzunguke bila kukiinua, 30 unaenda kulia, 12 unapanda, 12 unaingia ndani, 8 unapanda tena, 18 unarudi kushoto, 20 unashuka mpaka pale ulianzia. Jumla 100.

Ingekuwa ploti nzima ya 30 kwa 20 bila kukatwa, mzingo bado ungekuwa 100. Eneo ndilo limeshuka, kutoka mita mraba 600 hadi 504, lakini seng'enge ni ileile kwa sababu zile pande mbili zimesukumwa ndani tu, hazijafupishwa.

Hii inafanya kazi kona zote zikiwa mraba, yaani nyuzi 90, na hapa tafadhali usiamini macho. Chukua tepu, kutoka kwa kona weka alama mita 3 upande mmoja na mita 4 upande wa pili, halafu pima alama kwa alama, lazima isome 5 kamili. Ikisoma 5.2 hiyo kona imefunguka, so sahau mambo ya kutoa, pima kila upande na tepu wote sita ndio ujumlishe.

Halafu toa geti. Ikiwa mita 4 unabaki na 96, na kama fundi anapitisha nyaya tano hiyo ni 480, ongeza kidogo ya kufungia kwa nguzo za kona kabla uende hadiwea.