Mchezo wa Zamani Unapoikataa Kadi ya Grafiki

Mchezo wa zamani unapogoma kufunguka na kudai kwamba kadi ya grafiki haifai, wengi huamini kuwa kompyuta yao ni dhaifu, kisha hubadilisha draiva (programu inayoiwezesha Windows kuitumia kadi) moja baada ya nyingine bila mafanikio. Kwa uzoefu wangu, kosa hilo mara chache hutokana na kadi. Kwa kawaida mchezo unaomba huduma ambayo Windows ya leo haitoi tena, au inaitoa kwa njia nyingine. Kwa hiyo usome ujumbe wa kosa mpaka mwisho, na uunakili mahali, kabla hujagusa chochote.

Ujumbe ukitaja faili inayokosekana, kwa mfano d3dx9_43.dll, kazi ni nyepesi: sakinisha kifurushi cha DirectX, yaani maktaba za Microsoft ambazo michezo huzitumia kuchora picha na kutoa sauti, cha Juni 2010 kutoka tovuti ya Microsoft yenyewe. DirectX 12 haiji na faili hizo za ziada, na ndiyo sababu kuwa na toleo jipya hakusaidii. Tafadhali usipakue faili moja moja kutoka tovuti usizozijua, kwani virusi hupenya kwa urahisi kwa njia hiyo.

Ugumu hasa uko kwenye michezo ya miaka ya 1990 iliyotegemea Glide au DirectDraw, njia za zamani za mchezo kuiagiza kadi ichore picha. Glide ilitengenezwa kwa ajili ya kadi za Voodoo za kampuni ya 3dfx, iliyokwisha kufungwa zamani, na draiva za leo haziitambui. DirectDraw bado ipo, lakini kuanzia Windows 8 skrini haiwekwi tena kwenye rangi 256 au rangi za biti 16. Mfumo huiga tu hali hizo, na matokeo yake rangi huvurugika, skrini hubaki nyeusi au mchezo hujikokota.

Hapa mimi hutumia dgVoodoo2, programu ya bure inayofanya kazi kama mkalimani: hupokea maagizo ya zamani na kuyapeleka kwenye kadi kupitia Direct3D 11 au 12, sehemu ya DirectX inayochora picha. Nakili faili zake za x86, kwa kuwa michezo hii ni ya biti 32, uziweke kwenye folda ileile yenye faili ya kuanzishia mchezo, na kamwe si kwenye folda za mfumo. Nembo yake ikionekana pembeni mwa skrini, ujue imeshika kazi, na unaweza kuizima baadaye. Mchezo ukilalamika kuwa kumbukumbu ya kadi haitoshi ilhali unazo gigabaiti nyingi, punguza kiasi hicho katika mipangilio ya dgVoodoo2 hadi megabaiti 256, maana baadhi ya michezo husoma kiasi kinachozidi gigabaiti 2 kama namba hasi.

Badilisha mpangilio mmoja tu kila mara, kisha ujaribu. Iwapo programu ya mchezo ni ya biti 16, hatua hizi hazitasaidia, kwa sababu Windows ya biti 64 haiifungui kabisa. Hapo tumia kompyuta pepe, yaani programu inayoiga kompyuta nyingine, yenye mfumo wa zamani.